Kwa nini majibu ya maabara hutofautiana, na mgonjwa aulize nini

MKAZI wa Woodley anayeamka na homa ana bahati ambayo Wakenya wengi hawana. Akitoka katika mtaa huo wa zama za ukoloni na kushika Barabara ya Ngong kuelekea mjini, hachukui muda mrefu kabla ya kufika Hospitali ya Kitaifa ya Kenyatta, KNH, ambako pia ziko maabara za kitaifa za afya ya umma. Karibu na hapo ipo Taasisi ya Utafiti wa Matibabu ya Kenya, KEMRI, iliyoundwa mwaka wa 1979, na Hospitali ya Mbagathi. Ng'ambo ya Kibera, jirani na uwanja wa ndege wa Wilson, yako makao makuu ya shirika la Amref. Si mitaa mingi ya Afrika Mashariki iliyozungukwa na wataalamu wa maabara kiasi hicho.

Lakini mkazi huyo huyo akiteremka upande wa soko la Toi hadi vichochoro vya Kibera, atakuta pia vyumba vidogo vya kupimia damu, vingine vikiwa nyuma ya duka la dawa. Bango la mlangoni humwalika apime malaria, homa ya matumbo, sukari na mimba. Foleni ni fupi, bei ni nafuu na majibu hutoka kabla ya chai kupoa. Na si ajabu mtu aliyepimwa huku akaambiwa ana malaria na homa ya matumbo kwa pamoja, akapimwa kule akaambiwa hana lolote.

Ni nani wa kuaminiwa? Wengi watajibu haraka kuwa chumba cha kichochoroni ndicho kilichokosea. Wakati mwingine ni kweli. Hata hivyo, majibu yasiyo sahihi hutoka pia katika maabara zenye sakafu inayong'aa, na mara nyingi chanzo chake kiko mbali na mashine.

Kosa hutangulia mashine

Wataalamu huigawa safari ya kipimo katika awamu tatu: kabla ya sampuli kupimwa, wakati wa kupimwa, na baada ya majibu kutoka. Mtu asiye wa fani hiyo hudhani hatari iko katika awamu ya pili, palipo na mashine na kemikali. Uchunguzi uliofanywa katika hospitali moja ya mji wa Padua, Italia, na kuchapishwa mwaka wa 1997, ulionyesha kinyume. Katika vipimo zaidi ya 40,000 yalipatikana makosa 189. Asilimia 68 ya makosa hayo yalitokea kabla ya sampuli kupimwa, na asilimia 13 pekee wakati wa kupimwa. Uchunguzi huo uliporudiwa na kuchapishwa mwaka wa 2007, hali ilikuwa karibu ile ile: asilimia 62 kabla, 15 wakati wa kupimwa na 23 baadaye. Hiyo ni hospitali ya nchi tajiri. Hakuna sababu ya kuamini kwamba wodi ambamo muuguzi mmoja anahudumia makumi ya wagonjwa hufanya vyema zaidi.

Kosa la kwanza, na ndilo baya kuliko yote, ni la jina. Wakenya wanakumbuka yaliyotokea KNH mapema mwaka wa 2018. Wagonjwa wawili walikuwa wamelazwa hapo. Mmoja alikuwa na damu iliyoganda kwenye ubongo na alihitaji upasuaji. Mwingine alikuwa na uvimbe kichwani ambao haukuhitaji kisu. Vitambulisho vyao vilibadilishana, na aliyepelekwa katika chumba cha upasuaji hakuwa ndiye. Madaktari walikuwa tayari wamekwisha kufungua fuvu walipogundua kuwa damu waliyoitafuta haikuwepo. Habari hizo zilipoenea mwezi Machi, Waziri wa Afya wa wakati huo, Bi Sicily Kariuki, aliagiza afisa mkuu wa hospitali hiyo aende likizo ya lazima, huku madaktari wakilalamika kuwa mwenzao aliyepasua alikuwa amefuata kitambulisho kilichobandikwa na watu wengine.

Kisa hicho hakikuwa cha maabara, lakini kinaeleza hatari ya maabara kuliko kisa chochote. Daktari wa upasuaji aliona kwa macho yake kwamba kuna walakini. Vichupa viwili vya damu vikibadilishana majina, hakuna atakayeona kitu. Mashine itapima kila kichupa kwa usahihi mkubwa, na kutoa majibu safi kabisa ya mtu mwingine.

Ndiyo sababu kanuni ya kwanza ya kutoa damu haihusu sindano. Anayetoa damu hutakiwa kumuuliza mgonjwa jina lake na kumwacha alitaje mwenyewe, kisha aulize jambo la pili, kama vile tarehe ya kuzaliwa au nambari ya hospitali. Asiulize, "Wewe ndiye Otieno?" Mgonjwa mwenye homa kali huitikia jina lolote, na katika wodi za Nairobi akina Otieno, Wanjiru na Mohamed huwa zaidi ya mmoja. Kichupa nacho kiandikwe jina pale pale kitandani baada ya damu kuingia. Kuandika vichupa mapema na kuvipanga mezani kwa ajili ya kuharakisha kazi ni mazoea yanayoonekana kuwa ya bidii, na ndiyo hasa yanayozaa mkanganyiko.

Baada ya jina huja kichupa chenyewe. Watu wengi wameona vifuniko vya rangi mbalimbali bila kujua kuwa rangi hizo zina maana. Chenye kifuniko cha zambarau kina chumvi ya potasiamu inayozuia damu kuganda, na hutumiwa kuhesabu chembechembe za damu. Cha kijivu kina dawa ya kuzuia sukari isiliwe na chembechembe. Cha buluu hupima uwezo wa damu kuganda, na lazima kijazwe hadi kwenye alama yake, kwani dawa iliyomo imepimwa ili sehemu moja yake ikutane na sehemu tisa za damu.

Sasa tuseme damu imepungua katika kichupa kimoja, naye mhudumu kwa nia njema akamimina kidogo kutoka katika kile cha zambarau. Chumvi ya potasiamu huingia pamoja na damu hiyo. Majibu ya figo yatakaporudi yataonyesha potasiamu imepanda mno na kalisi imeshuka, hali ambayo kwa kawaida huashiria kuwa moyo u hatarini kusimama. Daktari akiyaamini majibu hayo bila kushuku, atamtibu mtu mzima ugonjwa ambao uko ndani ya kichupa tu. Potasiamu hupanda vilevile iwapo chembechembe nyekundu zimepasuka kwa kuvutwa kwa nguvu katika sindano nyembamba, au kwa kutikiswa njiani juu ya bodaboda.

Muda nao una dhambi yake. Damu iliyo katika kichupa cha kawaida huendelea kuishi na kula sukari yake, na kiwango cha sukari hushuka kwa asilimia 5 hadi 7 kila saa katika joto la chumba. Mtu aliyefunga usiku kucha na aliyekuwa na sukari ya 8.0 asubuhi, kiwango ambacho ni cha kisukari, atasomwa chini ya 7.0 iwapo damu yake itangoja saa nne ifike maabara kuu. Mpaka wa ugonjwa huo kwa aliyefunga ni 7.0. Mtu huyo ataambiwa hana kisukari, aende nyumbani.

Homa ya Nairobi na homa ya Siaya

Hata sampuli ikifika salama, kuna jambo ambalo hata baadhi ya wahudumu wa afya hawalielewi vyema: kipimo kile kile, kikifanywa na mtu yule yule kwa ustadi ule ule, huwa na maana tofauti kulingana na mahali kinapofanywa.

Chukua mfano wa hesabu. Tuseme kipo kipimo cha malaria kinachowatambua wagonjwa 95 kati ya kila 100 walio nayo, na kinachowasingizia watu 5 kati ya kila 100 wasio nayo. Kwa sikio hicho ni kipimo kizuri. Kipeleke Siaya wakati wa mvua, na useme kati ya watu 1,000 wenye homa, 400 wana malaria kweli. Kitawapata 380 kati yao na kuwasingizia 30 kati ya wale 600 wengine. Katika majibu 410 ya kuwa na malaria, ni 30 pekee yaliyo ya uongo.

Kirudishe sasa Woodley. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, na baridi yake huchelewesha kimelea cha malaria kukomaa ndani ya mbu. Wakazi wengi wanaougua malaria hapa huwa wameitoa safarini, kandokando ya Ziwa Victoria au Pwani. Tuseme basi kati ya watu 1,000 wenye homa, ni 20 tu walio na malaria. Kipimo kitawapata 19. Lakini kitawasingizia pia 49 kati ya wale 980 waliobaki. Katika kila majibu 10 ya kuwa na malaria, zaidi ya 7 yatakuwa ya uongo, na hakuna aliyezembea kazini.

Kwa hivyo swali la daktari, "Umesafiri hivi karibuni?", si la kupitisha wakati. Ni sehemu ya kipimo. Aliyerejea kutoka Kakamega baada ya sikukuu na ambaye hajatoka Barabara ya Ngong mwaka mzima hawawezi kusomewa majibu yao kwa namna moja. Isitoshe, vile vipimo vya haraka vya kijiti hutambua protini ya kimelea, na protini hiyo huweza kubaki kwenye damu kwa wiki kadhaa baada ya mtu kupona. Aliyetibiwa Kisumu mwezi uliopita anaweza kuonekana mgonjwa tena Nairobi ilhali anaumwa na kitu kingine kabisa.

Hali ilivyokuwa kabla ya sera kubadilika inatisha kidogo. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2006 ulichunguza vituo 17 vya serikali katika wilaya mbili za Kenya vilivyokuwa na darubini. Vioo vilivyosomwa na wapimaji wa vituo hivyo vilisomwa upya na mabingwa. Ilibainika kuwa wapimaji walikuwa wakiwatambua takriban wagonjwa 69 kati ya 100 wenye malaria, na kwamba kati ya wasio nayo waliwaondolea shaka takriban 62 tu kati ya 100. Lakini lililo zito zaidi ni lile lililofuata: karibu wagonjwa 8 kati ya 10 ambao majibu yao yalisema hawana malaria waliandikiwa dawa za malaria vivyo hivyo. Mtu anaweza kuuliza walitolewa damu ya nini.

Gharama ya mazoea hayo ilipimwa nchini Tanzania. Katika hospitali 10 za kaskazini mashariki mwa nchi hiyo, watafiti waliwafuatilia wagonjwa 4,474 waliolazwa kwa kile kilichoitwa malaria kali. Matokeo yalichapishwa mwaka wa 2004. Ni asilimia 46 pekee waliokutwa na vimelea. Kati ya waliokuwa na malaria kweli, karibu 7 katika kila 100 walifariki. Kati ya wale ambao hawakuwa nayo, walifariki 12 katika kila 100. Wengi wa kundi hili la pili walikuwa na dalili za maradhi mengine makali ambayo huhitaji antibayotiki, na wengi hawakuzipata. Jina la malaria lilikuwa limeandikwa kwenye faili na utafutaji ukaishia hapo.

Shirika la Afya Duniani lilipendekeza mwaka wa 2010 kwamba kila mtu anayeshukiwa kuwa na malaria apimwe kwanza kabla ya kupewa dawa. Kenya ilifuata mkondo huo. Vijiti vya kupimia vimeenea tangu wakati huo, lakini kijiti hakiwezi kumlazimisha daktari ayaamini majibu ya "hakuna".

Ugonjwa upo, kipimo hakiujui

Homa ya matumbo, ambayo wengi huiita taifodi, ina utata wa namna yake. Watu hupenda kusema kuwa taifodi ya Nairobi ni ya kubuniwa na wauza dawa. Hilo si kweli. Kati ya mwaka wa 2007 na 2009 watafiti wa KEMRI na wenzao wa Marekani waliwafuatilia wakazi wa sehemu ya Kibera, umbali wa kutembea tu kutoka Woodley, wakiwapima kwa kuotesha vijidudu kutoka katika damu yao. Katika ripoti yao ya mwaka wa 2012 walikadiria visa 247 kwa kila watu 100,000 kwa mwaka, idadi iliyokuwa mara kadhaa ya ile ya kijiji walichokilinganisha nacho magharibi mwa nchi. Watoto wadogo ndio walioumia zaidi. Maji machafu na vyoo duni vinatosha kueleza sababu.

Tatizo ni kwamba kipimo kinachotumiwa katika vyumba vingi vidogo si hicho cha kuotesha vijidudu. Ni kipimo cha Widal, kilichopewa jina la daktari Mfaransa Fernand Widal aliyekieleza mwaka wa 1896. Hakitafuti mdudu mwenyewe. Hutafuta kingamwili, yaani askari ambao mwili umewatengeneza kupambana naye. Askari hao hubaki baada ya vita kwisha. Aliyeugua miaka iliyopita anaweza kuwa nao, aliyechanjwa pia, na hata aliyeambukizwa vijidudu vingine vya ukoo huo. Kinyume chake, mgonjwa wa siku tatu za kwanza anaweza asiwe nao bado.

Katika mtaa ambamo taifodi imezagaa, watu wengi wenye afya wanazo kingamwili hizo. Mtu mwenye mafua akipimwa kwa Widal mara moja tu, majibu yake yanaweza kusoma kuwa ana taifodi. Atanunua antibayotiki za siku saba au kumi, atapona mafua yake kama ambavyo angepona bila dawa, na ataamini maisha yake yote kuwa aliponywa taifodi. Wakati huo vijidudu vilivyomo mwilini mwake na mtaani vimepata mazoezi ya kuishinda dawa hiyo. Mengi kati ya vijidudu vya taifodi vilivyooteshwa kutoka Kibera katika utafiti huo tayari vilikuwa sugu kwa dawa kadhaa za zamani.

Kuotesha vijidudu huchukua siku mbili hadi tano, hugharimu zaidi na huhitaji damu itolewe kabla ya dawa ya kwanza kumezwa. Hapo ndipo wengi hushindwa. Mtu humeza vidonge vya duka la dawa siku tatu, na anapokwenda hospitalini siku ya nne vijidudu vimedhoofika kiasi cha kutoota, ingawa havijaisha.

Brusela, ugonjwa unaotokana na mifugo na maziwa yasiyochemshwa, una kisa kinachofanana na hicho. Utafiti wa mwaka wa 2017 kutoka magharibi mwa Kenya ulionyesha kuwa kipimo cha haraka kilichokuwa kikitumiwa katika vituo vya afya kiliwasingizia watu wengi mno, na matibabu ya brusela huchukua wiki kadhaa.

Damu ya mtu mwingine

Kuna mahali ambapo kosa la maabara halimpi mtu nafasi ya kurudi kesho. Mnamo 1994 watafiti walichunguza damu iliyotiwa wagonjwa katika hospitali sita za serikali humu nchini. Matokeo yao, yaliyochapishwa mwaka wa 2001, yalikadiria kuwa takriban asilimia 2 ya damu hiyo iliwaambukiza wagonjwa virusi vya HIV. Sehemu kubwa ya hatari hiyo ilitokana na utendakazi mbaya wa maabara zenyewe. Damu ilikuwa ikipimwa, lakini upimaji ulikuwa mbovu.

Shambulio la bomu katika ubalozi wa Marekani jijini Nairobi, Agosti 7, 1998, ambapo watu zaidi ya 200 waliuawa na maelfu kujeruhiwa, liliweka wazi kuwa nchi haikuwa na mfumo wa kuaminika wa kukusanya na kukagua damu. Katika miaka iliyofuata, huduma ya kitaifa ya damu iliundwa, na upimaji ukahamishwa kutoka kila hospitali kufanya yake hadi vituo vichache vya kimkoa. Damu hupimwa HIV, homa ya ini aina ya B na C, na kaswende. Hata hivyo, kuulinganisha mfuko wa damu na mgonjwa bado hufanyika hospitalini, usiku na mchana. Mfuko wa kundi A ukiingia katika mwili wa mtu wa kundi O, mililita chache huweza kutosha kumletea madhara makubwa. Wanaochunguza ajali za aina hii ulimwenguni hurudi kila mara kwenye chanzo kile kile: kichupa chenye jina lisilo lake, au mfuko uliotundikwa kitandani pasipo kusomwa jina.

Nani humpima mpimaji

Maabara iliyo makini haiamini mashine yake. Kila asubuhi, kabla ya kugusa damu ya mgonjwa wa kwanza, hupima sampuli ambayo thamani yake inajulikana. Majibu yakitoka nje ya mpaka, kazi husimama hadi sababu ipatikane. Pili, mara kadhaa kwa mwaka hupokea sampuli za siri kutoka nje, huzipima na kurudisha majibu yalinganishwe na ya maabara nyingine. Wizara za afya za Afrika Mashariki zimekuwa na mpango wa pamoja wa aina hiyo, na Amref imekuwa miongoni mwa waendeshaji wake.

Sampuli ya siri ni njia halali, ila ina masharti. Mei 2020, wakati wa janga la corona, Rais John Magufuli wa Tanzania alitangaza kuwa papai na mbuzi, waliopewa majina ya watu, walipimwa katika maabara ya taifa na kuonekana kuwa na virusi. Vipimo vilitiliwa shaka, na mkuu wa maabara hiyo akasimamishwa kazi. Wataalamu walikuwa na jibu ambalo halikusikika sana katika kelele za siku zile: kipimo hukaguliwa kwa sampuli inayofanana na ile kilichoundiwa. Utomvu wa tunda si makohozi ya mtu, na majibu yanayotokana nao hayawezi kuthibitisha kuwa kipimo ni kizuri wala kibaya.

Kipo pia kiwango cha kimataifa cha maabara za tiba, kijulikanacho kama ISO 15189, kilichotolewa kwa mara ya kwanza mwaka wa 2003. Kukifikia ni ghali. Kwa hivyo mwaka wa 2009, katika mkutano uliofanyika Kigali, ulizinduliwa mpango wa Afrika wa kuzipandisha maabara ngazi kwa ngazi na kuzipa nyota, kutoka sufuri hadi tano.

Humu nchini, Sheria nambari 10 ya mwaka wa 1999 iliunda bodi ya kuwasajili wataalamu wa maabara na kutoa leseni kwa maabara. Bodi hiyo imekuwa ikifanya misako na kuvifunga vyumba visivyo na leseni. Baadhi hufunguliwa tena chini ya jina jingine, jambo linaloudhi lakini lisiloshangaza, kwa kuwa wateja hawajaacha kuugua na hospitali kubwa haijapunguza foleni. Leseni hutakiwa kubandikwa mahali inapoonekana, na mgonjwa ana kila sababu ya kuisoma tarehe yake kabla ya kunyoosha mkono.

Kuisoma karatasi

Karatasi ya majibu huwa na safu ya viwango vya kawaida, na nambari iliyo nje ya safu hiyo hupigwa alama. Alama hiyo huwatisha watu kuliko inavyostahili. Viwango vingi vya kawaida vimewekwa kwa kuchukua watu wenye afya na kuwaacha nje 5 kati ya kila 100, wale wa pembezoni. Mtu mzima akipimwa vitu 20 visivyohusiana katika mojawapo ya vifurushi vya "uchunguzi wa mwili mzima" ambavyo siku hizi vinatangazwa kote, kuna uwezekano wa takriban asilimia 64 kuwa angalau kimoja kitapigwa alama ingawa haumwi. Kisha huanza mzunguko wa vipimo vya kufafanua vipimo.

Kwa upande mwingine, yapo majibu yasiyoweza kungoja karatasi. Potasiamu iliyopanda mno, sukari iliyoshuka mno au bakteria katika uti wa mgongo wa mtoto ni mambo ambayo mpimaji hutakiwa kumpigia daktari simu papo hapo, na daktari ayarudie kwa sauti aliyoyasikia ili kuhakikisha hakuna nambari iliyopotea njiani. Anayepimwa katika chumba cha kichochoroni hana daktari wa kupigiwa simu. Pengine hilo ndilo pengo kubwa zaidi kati ya vyumba hivyo na hospitali, kubwa kuliko tofauti ya mashine.

Mgonjwa ana haki ya kupewa nakala ya majibu yake. Kifungu cha 35 cha Katiba ya mwaka wa 2010 humpa kila raia haki ya kupata habari zinazohitajika ili kulinda haki zake nyingine, afya ikiwemo, na humpa kila mtu haki ya kusahihishiwa habari za uongo zinazomhusu. Aulize kipimo kinaitwaje, kwa kuwa "taifodi" si jina la kipimo. Aulize damu ilitolewa saa ngapi na ikapimwa saa ngapi. Ataje dawa alizokwisha kumeza, hata zile za dukani, na safari alizofanya.

Akiyatilia shaka majibu, asikawie. Kioo cha malaria kilichotiwa rangi kinaweza kuhifadhiwa na kusomwa upya na mpimaji mwingine baada ya siku nyingi, na maabara nyingi hubakiza damu iliyosalia katika friji kwa siku kadhaa. Lakini si kila kitu hukaa. Sukari na potasiamu ya jana haiwezi kupimwa leo katika kichupa kile kile cha damu ambayo haikutenganishwa. Hapo itabidi mkono unyooshwe tena, na safari hii jina liulizwe kwanza.